Karatasi Haisubiri

Harlem, New York
4 Februari 1924

Dada Eulalie,

Shikamoo. Naamini barua hii inakukuta kwenye cherehani yako, na kifua kimeacha kukusumbua tangu baridi ipungue huko Charleston. Mimi ni mzima. Nakula vizuri, na Bi. Idella mwenye nyumba wangu anakusalimu ingawa hakujui, maana anasema mtu aliyenilea mimi anastahili salamu, na pole juu yake.

Nina habari, kaa vizuri. Unaijua ile piano inayojipiga iliyoko sebuleni kwa Bwana Ransom wa mazishi? Ile ukikanyaga pedali karatasi yenye matundu inapita, na vitufe vinashuka vyenyewe kama vimepandwa na pepo? Basi kuanzia mwezi ujao pepo huyo ni mimi. Nimeitwa kiwandani, nikaketishwa kwenye piano yenye penseli ndani, kila nikipiga noti penseli inachora. Kisha mzee mmoja mweupe mwenye miwani anakuja na mkasi wake kutoboa matundu pale penseli ilipopita. Namwita Bwana Mkasi. Mwenyewe hajui. Nimekutumia karatasi hiyo kwa posta.

Jambo la pili, bitana uliyonishonea ndani ya koti. Dada, koti hilo linanipa heshima kuliko piano. Hapa mpiga piano hakimbilii kupiga. Kwanza anaingia, kofia kichwani, fimbo mkononi, watu wanyamaze. Halafu unavua koti polepole na kulikunja nje ndani, bitana ionekane, unalilaza juu ya piano. Nilipoilaza ile hariri yako nyekundu ya kitambaa cha kanisa, wanawake wakapiga kelele hata sijagusa kitufe. Mmoja akauliza, "Fundi nani huyo?" Nikamwambia, "Yuko Carolina Kusini, na hata ulie humpati."

Pasaka nakuja. Nitakupigia kwa mikono yangu, siyo kwa karatasi. Niwekee wali na kunde.

Mdogo wako,
Cephas


Charleston, South Carolina
9 Machi 1924

Mdogo wangu Cephas,

Marahaba, mwenye maneno. Kifua kimepona, magoti ndiyo sasa yameshika zamu. Watu wote wa mtaa wazima, isipokuwa Bi. Tyra Middleton, tumemzika Jumanne, na hapo ndipo penye habari yako.

Karatasi ilifika Jumatatu. Bwana Ransom, Mungu ambariki, akaniambia, "Njoo kesho asubuhi, Eulalie, kabla wafiwa hawajaja." Nikaenda. Akakanyaga pedali. Jamani Cephas! Niliweka vidole vyangu juu ya vitufe, sikuvibonyeza, niliviacha tu vipande juu na kushuka nawe, na nilikuona kabisa, umri wako miaka tisa, miguu haifiki chini, kwenye kinanda cha kanisani, mimi nakufinya sikio ukikosea. Mkono wa kushoto ule ule: noti nzito chini, kisha unaruka katikati, chini tena, katikati, kama mtu anayetembea ana haraka lakini hataki kuonekana.

Nilicheka ulipofika kwenye zile kumi. Wenzako wenye mikono mipana huipiga noti ya chini na ya kumi yake kwa mara moja. Wewe una mkono wa Mama, mdogo mdogo, hufiki. Kwa hiyo kidole cha mwisho kinatangulia chini, na gumba linakimbilia juu, lachelewa kidogo. Mama alikuwa akifungua mlango hivyo hivyo, bega kwanza. Dunia nzima hakuna mwingine anayepiga hivyo.

Sasa sikiliza. Wafiwa walipofika, Bwana Ransom akaweka karatasi ya tenzi. Alidhani. Kumbe ni wewe! Bi. Tyra yupo kwenye jeneza lake, mumewe amejiinamia, mara mkono wako wa kushoto ukaanza kutembea sebule nzima. Bwana Ransom alitaka ardhi immeze. Lakini mama zetu wa visiwani waliokuja na mashua asubuhi, wale wanaozunguka kwa miguu katika ibada, wakaanza kugonga visigino. Bi. Hagar Simmons, ana miaka tisini, akauliza kwa sauti, "Nani kamfundisha huyo miguu yetu?" Nikasema, "Ni Cephas wetu, bibi." Akasema, "Basi mwacheni amsindikize." Ikapigwa mpaka mwisho.

Pasaka siyo mbali. Kunde nimeshazichagua mawe.

Dada yako,
Eulalie


Harlem
20 Septemba 1924

Dada,

Shikamoo. Nisamehe kimya changu, na nisamehe ile Pasaka. Kazi zimenizonga. Kila Jumamosi kuna mtu anafanya karamu nyumbani kwake apate kodi ya nyumba, samaki wa kukaanga, mlango una kiingilio, na lazima mmoja wetu apige. Mzima mimi. Wewe je, magoti?

Nakutumia karatasi ya pili. Wanasema hii inauzwa kuliko ya kwanza, mpaka Philadelphia, mpaka Chicago. Msifu ndugu yako.

Sina mengi.

Mdogo wako,
Cephas


Charleston
12 Oktoba 1924

Cephas,

Natumaini u mzima, na safari hii nauliza kwa kutaka kujibiwa.

Karatasi ya pili nimeiweka mara sita. Bwana Ransom kachoka kukanyaga, akaniachia chumba. Nimeweka vidole juu ya vitufe kama ile mara ya kwanza. Mkono wa kulia ni wako, mashavu yako, kiburi chako, nimekuona. Wa kushoto simjui.

Kumi zote zinashuka pamoja, pa, pa, pa, sawasawa kama askari. Hakuna gumba linalochelewa. Mkono wa Mama haukui mtu akiwa na miaka thelathini na minane, Cephas. Nani huyo anayepiga upande wa kushoto wa ndugu yangu? Na ndugu yangu mwenyewe yuko wapi?

Usinijibu kwa utani. Mkono umefanya nini?

Dada yako,
Eulalie


Charleston
30 Novemba 1924

Cephas,

Salamu. Wiki ya saba sasa. Kila tarishi akipita nasimama mlangoni, mpaka kaanza kunionea huruma, na mimi sipendi kuonewa huruma na mtu mwenye soksi zilizotoboka. Mficha maradhi, kifo humuumbua. Mama alikuwa akituambia hivyo kwa jipu tu.

Andika hata mstari mmoja.

Dada yako


Harlem
3 Januari 1925

Dada Eulalie,

Shikamoo, na heri ya mwaka. Umenishika. Harlem nzima imeisikiliza karatasi ile hakuna aliyetambua, wewe ukatambua kwenye sebule ya maiti.

Ilianza mwezi wa Machi, siku chache baada ya barua yako ya kicheko. Kidole cha mwisho cha kushoto na kile cha jirani yake. Nikiviweka kwenye piano vinajikunja vyenyewe, vinaingia kiganjani kama vinaogopa baridi. Haviumi, dada! Laiti vingeuma. Nikishika kikombe vinashika. Nikifunga vifungo vya shati vinafunga. Nabeba ndoo ya makaa ya Bi. Idella ghorofa nne. Lakini nikikaribia vitufe tu, vinajikunja, na kadiri ninavyolazimisha ndivyo vinavyokaza.

Nimeona madaktari wawili. Wa kwanza kasema mkono hauna ugonjwa wowote. Wa pili kasema pumzika. Nikapumzika wiki tatu, sikugusa hata meza kwa vidole. Nikarudi kwenye piano, vikajikunja kabla sijaketi vizuri. Nililia, dada, mbele ya piano ya mtu.

Ndiyo maana sikuja Pasaka. Nilikuahidi mikono miwili.

Karatasi ile ya pili nilikuwa nimeshaisainia mkataba. Nilipiga mkono wa kulia peke yake. Bwana Mkasi akanitazama juu ya miwani yake, akasema, "Usijali, Cephas, nitakujazia." Akachora mkono wa kushoto kwa rula. Kwa rula! Karatasi haina mkono mdogo wala mkubwa, basi kaweka kumi zote pamoja, amezitoboa sawasawa. Na ndiyo hiyo watu wanaisifu. Wananisimamisha barabarani kunipongeza kwa mkono wa Bwana Mkasi. Wamenivika kilemba cha ukoka, na mimi nakivaa, maana nikikivua sina kingine.

Kwenye karamu nafika mapema wakati watu bado wanakula, napiga vitu vya taratibu, wa kushoto kwa vidole vitatu, kisha nasema nina ahadi mahali pengine. Bado hawajajua. Usimwambie mtu.

Mdogo wako,
Cephas


Charleston
18 Januari 1925

Mdogo wangu, mwanangu,

Sijui nikuulize hali vipi wakati hali yako ninayo hapa mkononi. Nimeisoma barua yako nikiwa nimesimama, nikakaa, nikaisoma tena. Nimelia, na sioni aibu kukuambia. Nimekutazama ukikua kwa vidole hivyo. Wengine wanapima watoto kwenye mlango, mimi nilikupima kwenye vitufe, leo anafika hapa, kesho pale.

Nakutumia chupa ya mafuta ya Bi. Hagar. Paka asubuhi na jioni, funga kwa flana. Amenipa pia mzizi, umo kwenye kitambaa, uweke mfuko wa kushoto. Najua utacheka. Cheka, lakini uuweke. Mchungaji naye nimemwambia akuombee bila kutaja jina, akaomba kwa ajili ya "ndugu mmoja aliye mbali mwenye shida ya mkono," na watu watatu wakageuka kunitazama.

Sasa rudi nyumbani. Huku hakuna mtu wa kukuvika kilemba. Kuna kinanda cha kanisani, ukipiga kwa vidole vitatu tutaimba kwa vidole vitatu. Kama huji, nakuja mimi. Nina nguo mbili za harusi, za binti wawili wa Bwana Ransom, harusi ni tarehe kumi na sita Mei. Siwezi kumwangusha mtu huyu baada ya wema wake wote. Nikishakabidhi tu napanda treni, upende usipende.

Dada yako,
Eulalie


Harlem
29 Machi 1925

Dada,

Shikamoo. Mafuta yamefika, mzizi umefika, vyote nimetumia na sikucheka. Vidole ni vile vile.

Nakuandikia kwa sababu nataka ulisikie kwangu. Jumapili iliyopita alasiri kulikuwa na watu wengi kwa akina Bellamy, ghorofa ya pili, na wapiga piano sita. Mimi nilikuwa na mpango wangu wa kupiga mapema niondoke. Mara akaingia kijana mmoja kutoka Philadelphia, anaitwa Percival Tull, mrefu, mikono kama sinia. Akauliza nani Cephas Mazyck. Alipoonyeshwa alivua kofia, dada. Hapa hatuvuliani kofia, hapa tunakatana kwa mashindano ya piano mpaka mmoja aondoke kimya. Yeye akavua. Akaniambia, "Mwalimu, nimekufuata wewe."

Akaketi, akapiga kipande changu. Anakijua chote. Alikuwa anaiweka ile karatasi ya pili taratibu, analaza vidole juu ya vitufe kama wewe, mpaka akakariri. Na kumi zake zote zinashuka pamoja. Mkono ule wa rula, ambao hakuna mtu aliyewahi kuupiga, yeye kaupata. Nyumba ilitikisika. Watu walikuwa wanapanda juu ya viti.

Alipomaliza akageuka, wala hakuwa na dharau, namwapia, akasema, "Mwalimu, kuna sehemu moja ya kati inanishinda. Nionyeshe unavyoupitisha mkono." Akaniachia kiti.

Watu wakangoja nimwonyeshe adabu. Nilivua koti, nikalikunja, bitana yako juu. Nikaketi. Vidole vikaingia kiganjani. Nikapiga wa kulia peke yake, nikidhani labda wa kushoto utaona aibu uje. Mmoja akapiga kelele, "Mazyck, mkono mwingine umemwachia mwenye nyumba uwe rehani?" Wakacheka. Kisha wakauona mkono, wakaacha kucheka. Dada, kile kicheko kilikuwa afadhali.

Kijana yule aliniuliza, "Mwalimu, nimekukosea?" Nikamwambia hapana, unapiga vizuri kuliko mimi nilivyowahi. Na hiyo ni kweli, ndiyo inayouma. Nikalivaa koti nikashuka ngazi.

Siku ya pili yake nilikwenda kiwandani. Nikamwomba Bwana Mkasi karatasi moja ya mwisho, atoboe nilichopiga tu, asiongeze hata tundu. Akasema, "Nani atainunua?" Nikasema haiuzwi, ni ya mtu mmoja. Akafanya, sikumsikia akidai chochote. Imo kwenye furushi hili. Upande wa kushoto hauna kitu. Ni kile kipande cha kwanza, kile kilichomsindikiza Bi. Tyra, kikiwa nusu.

Usije, nakuomba. Ukija utautazama mkono kwanza kabla ya uso, hutaweza kujizuia, na mimi siwezi kulistahimili hilo. Mfikishie salamu Bwana Ransom na binti zake.

Mdogo wako,
Cephas


Charleston
6 Septemba 1925

Kwa mkono wa Bi. Idella, ampe akipita.

Mdogo wangu Cephas,

Popote ulipo, natumaini umekula, na mahali unapolala hapavuji. Barua yangu ya Aprili ilirudi. Ya mwanzo wa Mei ikarudi. Hii nampa Bi. Idella, ameniahidi ataiweka kwenye droo ya vijiko hata miaka kumi.

Nilikuja, ulikataza nikaja. Tarehe kumi na nane Mei nilikuwa kwenye ngazi zenu, ghorofa nne na magoti haya. Bi. Idella alinifungulia, akanitazama, akasema, "Wewe ni yule wa bitana." Akanipeleka chumbani kwako. Kitanda kimetandikwa, koti langu liko juu yake, limekunjwa, hariri nje. Umeondoka mwisho wa Machi, alisema, hukuacha neno. Kuna aliyesema uko Newark unabeba mizigo. Mwingine kasema kwenye meli. Nilizunguka siku tisa nikiuliza. Wapiga piano walivua kofia waliposikia mimi ni nani. Yule Percival alinisindikiza siku nne, alikuwa akilia barabarani, kijana wa watu. Nikamwambia asilie, hakuna aliyekosa. Lakini mimi nimekosa. Nilikaa hapa nikishona shela za watu, natia lulu moja moja, na wewe ulikuwa umeshashuka ngazi. Shela zinaweza kushonwa na mtu yeyote.

Koti ninalo. Hariri imelika pale pale kwenye mkunjo, mahali ulipokuwa ukilikunja. Sijaibadilisha.

Sasa nikuambie kuhusu ile karatasi ya nusu. Kila Alhamisi alasiri, kama hakuna msiba, Bwana Ransom anaketi ubavuni kwangu kwenye benchi, yeye anakanyaga pedali, mimi nimekaa upande wa kushoto. Wa kulia unajipiga wenyewe, ni wewe. Upande wangu vitufe vimelala. Basi nakupigia mimi. Chini, katikati, chini, katikati. Nina mkono wa Mama na mimi, kumi sizifiki, kidole kwanza gumba baadaye, kama wewe. Nilikufundisha mimi, nilidhani ningeweza.

Siwezi. Ningali kwenye mstari wa pili wewe umeshafika wa nne. Bwana Ransom anakanyaga taratibu, anaushusha ule mshikio wa mwendo mpaka mwisho, na bado unaniacha. Nilikuwa nimezoea kukufinya sikio ungoje. Karatasi haingoji, Cephas. Juzi nilipiga kelele, "Nisubiri!" mbele ya Bwana Ransom, mtu mzima mimi, nikaona haya. Yeye alirudisha karatasi mwanzo akaanza tena kukanyaga.

Alhamisi iliyopita nilikwenda nawe mistari sita kabla sijaachwa. Alhamisi ijayo kuna mazishi, kwa hiyo ni Alhamisi ile nyingine.

Dada yako,
Eulalie